Vitabu vya kujithamini msivitengee kipindi chake, viingizeni kwenye maarifa ya jamii

Walimu wenzangu wa shule za msingi, na nyie wazazi mnaopenda kuchangia vitabu darasani, leo naongelea hivi vitabu vya kumjenga mtoto ajithamini. Mnavijua, jalada linang'aa, mtoto kacheka mpaka magego yanaonekana, ndani kila ukurasa unamwambia wewe ni wa pekee, wewe ni nyota, wewe unaweza. Darasa linasoma kwa sauti, wanapiga makofi, kengele ikilia basi na habari imeishia hapo. Mimi nafundisha maarifa ya jamii kwa hawa wadogo mpaka la tano hivi, na msimamo wangu ni kwamba kitabu kinachomjenga mtoto kweli mara nyingi hakitaji hata hilo neno kujithamini. Ni kitabu cha watu wanaofanya kazi, wanagombana na kupatana, wanahama, wanachimba mtaro, na humo ndani kuna mtu anayefanana na huyo mtoto wako akifanya kitu cha maana. Na kipindi cha kukisomea ni hicho hicho cha maarifa ya jamii, sio nusu saa ya Ijumaa mchana wakati kila mtu kachoka.

Hii habari ya kumsifia mtoto ili ajithamini ilivuma sana Marekani miaka ya 80. Jimbo la California liliunda tume kabisa mwaka 1986, mbunge John Vasconcellos ndiye aliyeipigania, wazo lenyewe ni kwamba watu wakijithamini matatizo mengi yatapungua, kuanzia kufeli shule mpaka uhalifu. Ripoti ikatoka 1990 na shule nyingi zikaingia kwenye mkondo huo, mabango, stika, nyimbo za kujisifu. Mwaka 2003 mwanasaikolojia Roy Baumeister na wenzake wakapitia lundo la tafiti, wakaona kujithamini peke yake hakumfanyi mtoto afaulu, bali mara nyingi ni kinyume chake, mtoto akifanya vizuri ndio anaanza kujiona wa maana. Hawakusema ni kitu bure, la, walikubali kwamba anayejithamini ana furaha zaidi na anathubutu zaidi, ila hiyo njia ya mkato haifiki.

Tena sifa zikizidi zinadhuru. Kuna utafiti wa Eddie Brummelman wa Uholanzi wa 2014, watoto walichora picha halafu wengine wakaambiwa picha yako ni nzuri, wengine wakaambiwa ni nzuri ajabu. Wale wasiojiamini walipopewa hizo sifa za kupitiliza, zoezi lililofuata wakachagua picha rahisi, yaani waliogopa wasije wakashuka kutoka kule walikopandishwa. Kwa hiyo unapomvika mtoto kilemba cha ukoka, anayeumia ndiye yule yule uliyetaka kumsaidia. Mwambie alichofanya, basi. "Umekumbuka kuweka kaskazini kwenye ramani yako" inamtosha kabisa, na anajua hujampamba.

Sasa twende kwenye kuchagua vitabu, maana hapa ndipo pana kazi.

Kwanza umri. Mtoto wa la kwanza ukimuuliza yeye ni nani atakwambia nakimbia sana, nina mdogo wangu, najua kuhesabu mpaka mia, na kwake yeye kila kitu anakiweza. Susan Harter, aliyechunguza sana mambo haya, alionyesha kwamba ni kuanzia miaka minane hivi ndipo mtoto anaanza kujipima na wenzake na kupata ile picha ya jumla kwamba mimi kama mtu nina thamani au sina, na ndani ya hiyo picha kuna vyumba tofauti, masomo, marafiki, michezo, sura, tabia. Ndio maana unakuta mtoto anaongoza hesabu lakini mapumziko anakaa peke yake na anajiona si kitu. Kwa hiyo la kwanza na la pili tafuta vitabu vya vitendo, nani anafanya nini nyumbani na shuleni, lakini kuanzia la tatu kupanda tafuta vitabu ambavyo mhusika analinganishwa na wenzake, anashindwa mahali, halafu hali inaenda mbele bila muujiza wa kuja kuwa wa kwanza ukurasa wa mwisho. Hiyo ya kuwa wa kwanza siipendi hata kidogo. Darasa lina wa kwanza mmoja, waliobaki wote unawaambia nini?

Pili, nani yuko ndani ya kitabu. Rudine Sims Bishop, msomi wa Marekani wa vitabu vya watoto, aliandika mwaka 1990 kwamba vitabu vinaweza kuwa kioo, mtoto anajiona mwenyewe, au dirisha, anaona maisha ya wengine, na kila mtoto anahitaji vyote viwili. Watu wengi wanakumbuka kioo tu. Ila mtoto ambaye kila kitabu ni kioo chake naye ana hasara, anakua akidhani dunia nzima ni kwao, na hilo ni tatizo la maarifa ya jamii moja kwa moja.

Lakini kuwepo kwenye picha hakutoshi jamani. Mimi nina zoezi moja nalifanya na kitabu chochote kipya kabla sijakiweka kwenye rafu, na siku hizi nalifanya na watoto wenyewe. Chora mstari katikati ya ubao, upande mmoja andika ANAYEFANYA, upande wa pili ANAYEFANYIWA, halafu mnapitia kurasa mnaweka kila mhusika upande wake. Nani anaendesha, nani anaamua, nani anauliza swali, na nani anasukumwa, anasaidiwa, anaonewa huruma, anaokolewa. Tulipitia kitabu kimoja kizuri tu cha mambo ya ujirani, rangi safi, lugha nyepesi, kina mtoto kwenye kiti cha magurudumu karibu kila ukurasa, ungekikagua haraka haraka ungesema hiki kimejali watu wote. Watoto wakaanza kuhesabu. Wenzake wanacheza mpira, yeye anatazama. Wenzake wanapanda mti wa kumbukumbu, yeye anapewa ua. Mwishoni kabisa anasukumwa kwenda kupiga picha ya pamoja. Upande wa ANAYEFANYA hakuwa na kitu hata kimoja! Kijana mmoja nyuma akasema, mwalimu huyu si angekuwa refa, au angeshika daftari la magoli. Tukaandika ukurasa mpya tukaubandika humo humo ndani, yeye ndiye refa na anampa mtu kadi. Kitabu sikukitupa, na sishauri mkitupe cha kwenu, kinafundisha zaidi kikiwa na huo ukurasa wa kubandika.

Zoezi hilo hilo lifanyie wasichana, wazee, watu wa vijijini, wahamiaji, mtaona mambo.

Kuhusu mashujaa nitasema kidogo tu. Maisha ya watu wakubwa ni mazuri kusoma ila mara nyingi wameandikwa kama walizaliwa hivyo, mtoto anafunga kitabu akijua kwamba yeye sio wa aina hiyo. Ukiwa nacho, tafuta ukurasa ambao shujaa anasaidiwa na mtu wa kawaida, kaa hapo.

Halafu kuna hii kazi ya kila mwaka ya kuchora mti wa ukoo. Kuweni makini sana. Kitabu kinaanza na baba, mama, babu na bibi pande zote mbili, halafu nafasi za kujaza, na darasani una mtoto anayelelewa na shangazi, una yatima, una ambaye baba yake hatajwi nyumbani, una aliyeasiliwa. Somo ni familia, sawa, liko kwenye silabasi na lazima lifundishwe, lakini karatasi yenye nafasi wazi inamwambia mtoto kwamba kwenu kumepungua kitu, mbele ya wenzake. Badilisha swali. Badala ya mti, mtoto ajiweke katikati ya karatasi halafu achore watu wanaomtunza na kila mmoja anafanya nini, nani anamwamsha, nani anamsubiri akichelewa, nani anamfundisha kufunga kamba za viatu. Wote wanapata cha kuchora na somo la familia limefundishwa vizuri kuliko la mti, kwa sababu sasa wanaona kazi za familia na sio majina tu. Anayetaka kuchora mti na ana taarifa zake, achore, hakuna ubaya.

Sasa jinsi ya kusoma. Kitabu chako kimoja, watoto wengi, unafanyaje? Wengi tunasoma mbele ya darasa, ni sawa, ila kuna mbinu inaitwa jigso ambayo mimi sasa siachi. Aliianzisha mwanasaikolojia Elliot Aronson mwaka 1971 kule Austin, Texas, Marekani, shule zilikuwa zimetoka tu kuchanganya watoto weusi, weupe na wenye asili ya Mexico, na madarasani hali ilikuwa mbaya kwelikweli. Akachukua habari ya maisha ya Joseph Pulitzer, mmiliki wa magazeti, akaigawa vipande sita, kila mtoto kwenye kundi akapewa kimoja na hana njia ya kupata vingine mpaka awasikilize wenzake. Kulikuwa na mtoto anababaika kuongea, wenzake wakaanza kumcheka, msaidizi aliyekuwa darasani hakuwahubiria upendo wala nini, akawakumbusha tu kwamba mtihani uko karibu na hicho kipande anacho huyu peke yake. Wakaanza kumuuliza maswali ya maana, yeye naye akaanza kujibu. Matokeo yake watoto walipendana zaidi, wakajithamini zaidi, na wale waliokuwa nyuma alama zao zikapanda bila za wengine kushuka. Ona sasa, kujithamini kumekuja na hakuna aliyeimbishwa mimi ni nyota.

Kwangu niliifanya kwenye mada ya watu wanaotunza usafi wa mji. Mmoja anafagia barabara, mmoja dereva wa gari la taka, mmoja anaokota chupa za kuuza, mmoja yuko ofisini anapanga ratiba. Kipande cha muokota chupa nilimpa msichana mmoja ambaye sauti yake huwa huisikii hata ukiwa dawati la mbele. Akaanza kusoma kwa kunong'ona, mwenzake mmoja akajifanya anasinzia, mwingine akamgonga kiwiko akasema subiri bwana, rudia hapo pa mizani, wanalipwa kwa chupa au kwa kilo? Akarudia, kwa sauti kubwa kidogo. Kwa kilo. Basi ndio maana wanazikanyaga ziwe bapa, mwingine akadakia, na yeye akamkatalia, hapana, ukiikanyaga uzito haubadiliki, wanazikanyaga ili gunia libebe nyingi. Alimkatalia mtu! Mimi nikaendelea kusahihisha madaftari kama sijaona.

Ushauri mmoja wa kuijaribu, kabla hawajarudi kwenye makundi yao wakutanishe kwanza wale wa makundi tofauti waliopewa kipande kile kile wasome pamoja, hapo yule mzito wa kusoma anapata msaada asiende kuaibika. Ukiruka hatua hii unamuumiza.

Na kama mkuu wako wa shule atauliza mambo ya kujitambua yanahusu nini maarifa ya jamii, baraza la walimu wa somo hili kule Marekani, NCSS, lilipotoa mada zake kumi mwaka 1994, moja ilikuwa makuzi ya mtu na utambulisho wake. Sio kitu tumechomekea sisi.

Mwisho, kama hamna hela ya vitabu, tungeni. Kila mtoto amhoji mtu mzima mmoja kuhusu kazi yake, na swali ambalo halikosi majibu ni hili, kazi gani unafanya na hakuna anayekushukuru? Andikeni ukurasa mmoja mmoja, picha juu, maneno chini, shoneni kwa uzi, boksi gumu liwe jalada, kipeni namba ya maktaba kama vitabu vingine na kiazimwe kama vitabu vingine, kwa kusaini. Mwishoni acheni kurasa kadhaa tupu, maana lazima kuna mtoto atahamia katikati ya muhula na yeye atataka wa kwake.