Maswali na Majibu: Gari la Milioni Nane, Kodi ya Milioni Nane

Barua nyingi tulizopokea safari hii zinahusu kodi na ada za magari, na nyingi kati yake zimeandikwa na watu waliokwisha kutuma fedha au kukabidhi fedha kabla ya kuuliza. Nimechagua nne ambazo majibu yake yanawafaa wengi. Maelezo yote yanahusu Tanzania Bara.

Mimi ni mwalimu hapa Morogoro. Nimeagiza Toyota IST ya mwaka 2005, injini ya cc 1,500, kutoka Japani. Bei pamoja na nauli ya meli na bima hadi Dar es Salaam ni kama shilingi milioni 8. Wenzangu waliniambia kodi ni robo ya bei, lakini wakala wa forodha ananiambia niandae milioni 9 kwa kodi peke yake. Je, ninaibiwa?

Mwalimu wangu, wenzako hawakukudanganya, ila walikutajia kodi moja kati ya kodi nyingi. Hiyo robo ni ushuru wa forodha, ambao kwa magari madogo ya abiria ni asilimia 25 ya thamani ya gari likiwa limefika bandarini, yaani bei ya kununulia, nauli ya meli na bima vikijumlishwa, thamani ambayo mawakala wote huiita CIF. Baada ya hapo kuna kodi nyingine zinazopandiana, kila moja ikikokotolewa juu ya jumla iliyokwisha kuongezwa kodi ya awali, na ndiyo maana mtu anayejumlisha asilimia peke yake bila kufuata mpangilio wake hupata jibu dogo kuliko lile atakalokutana nalo bandarini.

Tuchukue hiyo milioni 8 yako kama CIF. Ushuru wa forodha ni Sh2,000,000, na sasa gari linahesabiwa kuwa na thamani ya Sh10,000,000. Juu ya hiyo milioni 10 unatozwa ushuru wa bidhaa kwa ukubwa wa injini: injini isiyozidi cc 1,000 haitozwi, inayozidi hapo hadi cc 2,000 hutozwa asilimia 5, na inayozidi cc 2,000 hutozwa asilimia 10. Lako ni asilimia 5, yaani Sh500,000. Kisha, juu ya milioni 10 hiyo hiyo, unakuja ushuru wa bidhaa unaotokana na umri wa gari, ambao mitaani tunauita uchakavu. Gari la abiria la miaka 8 hadi 10 hutozwa asilimia 15, na lililozidi miaka 10 hutozwa asilimia 30. Gari la mwaka 2005 limeshapita kiwango hicho siku nyingi, kwa hiyo uchakavu wako ni Sh3,000,000. Jumla imefika Sh13,500,000, na juu yake inawekwa Kodi ya Ongezeko la Thamani, VAT, ya asilimia 18, ambayo ni Sh2,430,000. Kodi hizo nne peke yake zinakuwa Sh7,930,000, karibu sawasawa na bei ya gari lenyewe, na hapo bado hatujaweka Tozo ya Maendeleo ya Reli, iliyoanzishwa mwaka 2015 kwa asilimia 1.5, wala ada ya uchakataji wa forodha, wala ada ya usajili, wala gharama za bandari na za kampuni ya meli, ambazo si kodi lakini zinatoka mfuko ule ule.

Sasa kuhusu tofauti iliyobaki kati ya hesabu yangu na milioni 9 za wakala. Mamlaka ya Mapato Tanzania ina mfumo wake wa kuthamini magari yaliyotumika, na wewe mwenyewe unaweza kuufungua katika tovuti yake, ukachagua aina ya gari, muundo wake, mwaka wa kutengenezwa, nchi linakotoka, aina ya mafuta na ukubwa wa injini, ukaonyeshwa thamani ya CIF inayotambuliwa na Mamlaka pamoja na mchanganuo wa kodi zote. Watu wengi hushtuka kwa sababu wanadhani ankara waliyopewa na muuzaji wa Japani ndiyo itakayotumika moja kwa moja. Ukiwa umepata gari kwa bei ya chini kuliko ile ya mfumo, usitegemee kwamba kodi nayo itashuka kwa kiasi hicho. Kwa hiyo milioni 9 inawezekana kabisa kuwa halali, lakini usiikubali kwa neno la mdomo. Mwombe wakala akupe mchanganuo, kodi moja moja, uulinganishe na ule ulioupata wewe mwenyewe kwenye mfumo, na mahali msipokubaliana mwombe akuonyeshe tofauti inatokana na nini. Kodi ulipe benki au kwa simu kwa kutumia kontrol namba, ukiwa umehakikisha kwamba ankara ya malipo hayo ina namba yako ya mlipakodi, TIN, na ya gari lako. Kumkabidhi wakala fedha ya kodi mkononi ili akulipie ni jambo ambalo nakuomba usilifanye, hata kama ni mtu mnayesali naye.

Naomba nikae kidogo kwenye suala la uchakavu, kwa kuwa ndipo watu wanapopoteza fedha nyingi bila kujua. Wanunuzi wengi huhangaika na ukubwa wa injini, wakitafuta gari la chini ya cc 1,000 ili wakwepe ushuru wa bidhaa. Kwa gari la CIF ya milioni 8, kukwepa ile asilimia 5 kunakuokolea Sh590,000, VAT yake ikiwemo. Lakini kama gari hilo hilo lingekuwa halijafikisha miaka 8, ungeokoa Sh3,540,000, kwa sababu uchakavu wote ungeondoka pamoja na VAT inayotozwa juu yake, na kodi zako nne zingeshuka kutoka Sh7,930,000 hadi Sh4,390,000. Likiwa kati ya miaka 8 na 10, zingekuwa Sh6,160,000. Najua utasema gari jipya zaidi lina bei kubwa zaidi, na ni kweli. Hata hivyo, kwa jumla ile ile ya Sh15,930,000 utakayotumia kwa gari la mwaka 2005, bei na kodi zikijumlishwa, ungeweza kununua gari la CIF ya takribani Sh10,280,000 ambalo halijafikisha miaka 8, ukalilipia na kodi zake zote nne. Yaani milioni mbili na zaidi ambazo sasa zinakwenda kwenye uchakavu zingekwenda kwenye gari lenyewe. Wewe umeshaagiza, na sikuandikii haya ili kukuongezea uchungu. Nayaandika kwa ajili ya mwalimu mwenzako ambaye bado anaangalia picha kwenye simu. Ayakokotoe yote kabla ya kutuma hata senti, na aangalie mwaka wa kutengenezwa, kwa kuwa umri wa gari huhesabiwa kutoka hapo.

Nilinunua gari hapa Mwanza kwa Sh12,000,000 kutoka kwa mtu aliyelinunua kwa mtu mwingine, naye alilipata kwa mwenye kadi. Kadi bado ina jina la mmiliki wa kwanza. Muuzaji ananiambia kadi ikiwa mkononi mwangu hakuna tatizo, na kwamba kubadilisha jina ni kupoteza fedha. Gari ni namba D. Nifanye nini?

Ndugu yangu, kubadilisha umiliki si gharama kubwa kiasi cha kukufanya ulale na wasiwasi. Unalipa ushuru wa stempu wa asilimia 1 ya thamani ya gari, ada ya uhamisho Sh50,000 na Sh10,000 ya kadi mpya. Kwa gari la milioni 12 ni Sh120,000 ya stempu, na jumla yake yote ni Sh180,000. Hicho ndicho kiasi ambacho watu watatu wamekikwepa kwa zamu, kila mmoja akimwachia anayefuata.

Kadi iliyoko mkononi mwako haikufanyi uwe mmiliki. Jina lililo kwenye kumbukumbu za Mamlaka ndilo linalotambuliwa, na mtu huyo akifariki, warithi wake wanaweza kulihesabu gari hilo katika mali ya marehemu bila hata nia mbaya, kwa kuwa hawajui kwamba liliuzwa. Kwa upande wake, yeye naye hayuko salama: gari likigonga mtu leo, wa kwanza kutafutwa ni yeye. Ukimweleza hivyo, nadhani atakuwa na hamu ya kukusaidia kuliko unavyofikiri.

Kwa hiyo anza kwa kumtafuta. Mwambie aliyekuuzia akupeleke kwa aliyemuuzia, na huyo awafikishe kwa mwenye kadi, maana uhamisho unamhitaji mwenye jina, pamoja na kitambulisho chake na TIN yake, na mkataba wa mauziano ulioshuhudiwa na wakili. Kama amekwisha fariki, anayeweza kusaini badala yake ni msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama, wala si mke au mtoto aliyejitolea tu. Kabla hamjakamilisha, kagua madeni ya gari hilo: faini za makosa ya barabarani na ada za maegesho zinafuata namba ya gari, na usipoangalia utajikuta unalipia maegesho ya mtu usiyemjua.

Kuhusu hiyo namba D, nitasema jambo moja fupi kwa sababu naona wanunuzi wanavutwa nayo sana. Herufi hiyo inaonyesha lini gari lilisajiliwa Tanzania, wala haionyeshi lini lilitengenezwa. Gari la mwaka 2003 linaweza kuwa na namba D, na la mwaka 2008 likawa na namba C. Mwaka wa kutengenezwa umeandikwa kwenye kadi, na huo ndio wa kuuangalia unapopatana bei.

Mimi ni mzee wa Tanga, nina pikapu ambayo ilikuwa imekaa juu ya mawe kwa miaka mingi. Sasa nataka kuitengeneza. Kijana mmoja anayejiita wakala ananidai fedha za «rodi laiseni» kuanzia mwaka 2018 hadi leo, anasema asiponilipia gari litakamatwa.

Shikamoo mzee wangu. Usimpe. Ada ya mwaka ya leseni ya gari ilifutwa kuanzia Julai 2017, katika bajeti iliyosomwa na Dk. Philip Mpango alipokuwa Waziri wa Fedha. Badala yake ada ya usajili, ile inayolipwa mara moja gari linapoandikishwa, ilipandishwa, na ushuru wa mafuta ukaongezwa Sh40 kwa kila lita, kwa hiyo kila anayejaza mafuta kituoni analipa humo humo. Hakuna rodi laiseni ya mwaka 2018 wala ya mwaka wowote uliofuata. Unachohitaji ili gari litembee barabarani ni bima iliyo hai na gari lenyewe kuwa zima. Peleka fedha yako kwa fundi.

Ninaishi Uingereza na ninatarajia kurudi nyumbani moja kwa moja mwakani. Nimesikia kwamba anayerudi huruhusiwa gari moja bila ushuru. Je, naweza kuagiza gari Japani nikiwa huku, likatangulia Dar es Salaam kwa jina langu?

Hapana, na nafurahi umeuliza kabla. Msamaha unaousikia upo katika Jedwali la Tano la Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004, nao unamhusu mtu aliyefikisha miaka 18 anayehamisha makazi yake kutoka nje ya Jumuiya kuja ndani, ambaye hajawahi kupewa msamaha wa namna hiyo. Gari ni moja, na ni lazima liwe ulilolimiliki na kulitumia wewe mwenyewe huko nje kwa muda usiopungua miezi 12, siku za safari ya meli zisihesabiwe. Gari linalotoka Japani kuja Dar es Salaam hukuwahi kuliendesha hata siku moja, kwa hiyo litalipiwa ushuru kama la mtu mwingine yeyote.

Kama gari unaloendesha sasa umelinunua miezi mitano iliyopita, angalia tarehe yako ya kurudi. Pengine kusubiri kidogo kutakuwa na manufaa kuliko kukimbilia meli. Hesabu pia kwamba mzigo wa anayehamia unatakiwa kuingia ndani ya siku 90 tangu afike, au ndani ya muda zaidi atakaoruhusiwa na Kamishna, kwa hiyo ukija wewe kwanza gari lisichelewe sana nyuma yako.

Kusanya ushahidi ukiwa bado huko, kwa maana ukishafika Dar es Salaam itakuwa vigumu kuufuatilia. Hati ya usajili ya Uingereza, V5C, inamtaja mtu aliyesajiliwa kutunza gari, na yenyewe imeandikwa wazi kwamba si uthibitisho wa umiliki. Ongeza risiti ya kununulia yenye jina lako na tarehe, bima ya miezi yote hiyo, na uthibitisho wa makazi na kazi yako huko, pamoja na kile kinachoonyesha kwamba umefunga maisha ya huko, kama vile barua ya kuacha kazi au ya kukabidhi nyumba. Na gari likishaingia kwa msamaha usiliuze wala kumwandikisha ndugu kabla ya kwenda forodha, kwa kuwa likienda kwa mtu asiyestahili msamaha huo, ushuru ulioachwa unadaiwa.