Kwa nini walivaa magwanda ya Hitler

Mwanangu,

Mesej yako nimeiona usiku nikiwa nishalala. Umeangalia ile filamu ya Casablanca halafu unaniuliza, mama, hawa waigizaji si walimkimbia Hitler, mbona ndo hao hao wamevaa magwanda ya Kinazi?

Lafudhi mwanangu, na njaa. Mkimbizi ametua Hollywood na kiingereza chake cha kuokoteza, usteringi nani atampa? Ila studio zinatafuta maadui wanaoongea kijerumani cha kweli, basi wakachukua. Conrad Veidt, aliyeigiza yule ofisa wa Kinazi, Meja Strasser, alikuwa staa mkubwa Ujerumani, akaondoka 1933 na mke wake Myahudi, halafu anaishia kuwaigiza wale wale waliomfukuza. Na muangalie anavyowaigiza! Hafoki, anatabasamu, ana adabu zake zote, ndo maana anatisha, mtu asiyewahi kuwaona angetuletea jitu la kubwata tu.

Hebu rudia pale pa wimbo, maofisa wa Kijerumani wanaimba, Laszlo, yule mpinzani wa Wanazi, anaiambia bendi ipige Marseillaise, wimbo wa taifa wa Ufaransa, ukumbi mzima unasimama. Yule dada anayelia ni Madeleine LeBeau, alitoroka Paris 1940 wakapitia Lisbon yeye na mumewe wa wakati huo Marcel Dalio, yule wa meza ya kamari, ambaye Wanazi walibandika sura yake kwenye mabango eti Myahudi ndo anafanana hivi. Wanashuti 1942, Paris bado iko mikononi mwa Wajerumani, kurudi hajui lini, sasa pale utasema anaigiza? Na yule kijana Mbulgaria anayecheza kamari apate hela ya viza, Helmut Dantine, Wanazi walishamfunga Vienna 1938.

Ila Hollywood nayo usiisifie sana, miaka ya 30 studio nyingi zilinyamaza zikiogopa kupoteza soko la Ujerumani. Studio ya Warner ndo wakajitosa 1939 na Confessions of a Nazi Spy, na aliyeiongoza, Anatole Litvak, naye alikuwa akifanya kazi Ujerumani mpaka Hitler alipoingia. Mwongozaji Fritz Lang na mwandishi Brecht wakaja na Hangmen Also Die! 1943, wakimbizi wawili, wakagombana vibaya sana kwenye skripti. (Huyo Lang chunga hadithi zake, alisema alitoroka Ujerumani usiku ule ule alioitwa na Goebbels, waziri wa propaganda wa Hitler, pasipoti yake inasema vingine.)

Sasa tafuta filamu ya To Be or Not to Be ya mwongozaji Lubitsch, ya 1942, humo waigizaji wa Warsaw wanavaa magwanda ya Kinazi ili wawaingize mjini Wanazi wenyewe. Ukimaliza nipigie, ila sio usiku.

Mama