MASWALI YA WASOMAJI: Huyu dada Mfaransa ni wa lami au wa matopeni?

SWALI (msomaji wa Morogoro): Mhariri habari za kazi. Mimi na kaka yangu tunabishana wiki nzima kuhusu yule dada aliyebeba mbio za baiskeli za Tour de France ya wanawake 2025, Pauline Ferrand-Prévot. Kaka anasema yule ni mtu wa tope na misitu, barabarani kabahatisha tu. Mimi nasema ni wa barabarani toka zamani. Nani alipe soda?

JIBU: Alipe kaka, ila na wewe usijisifu sana maana hata wewe umepata nusu tu. Huyu dada ni wa kuzaliwa Reims, 1992, na ubingwa wa dunia wa barabarani kauchukua Septemba 2014 kule Ponferrada, Hispania, akiwa na miaka 22, kwa hiyo habari ya kubahatisha kaka aiache. Halafu Januari 2015 akaenda Tábor, Jamhuri ya Czech, akachukua na wa saiklokrosi.

Saiklokrosi kwa asiyeijua ni mbio za msimu wa baridi, mnazunguka sakiti fupi ya kilomita kama tatu, majani, mchanga, tope, wanawake wanakimbiza kama dakika hamsini. Baiskeli ukiiona kwa mbali utasema ya barabarani, usukani uleule uliopinda kama pembe za kondoo, ila tairi zina meno. Ukifika kwenye vibao vya kuruka vilivyowekwa njiani au kimlima kilicholowa huendeshi, unashuka baiskeli ingali inatembea, unaitupia begani unakimbia nayo, juu unarukia siti, na usiporukia vizuri utajijua mwenyewe. Tope likijaa kwenye cheni unapita kwa mafundi unadondosha hii unachukua safi, raundi ijayo ile ya kwanza ishapigwa maji inakusubiri.

Siku ile Tábor alimshinda Mbelgiji Sanne Cant kwa spidi ya mwisho, na wa tatu akawa Marianne Vos wa Uholanzi, aliyekuwa na mataji saba ya dunia ya mchezo huo wakati ule, tena ndiye mwenzake wa timu! Septemba ya mwaka huohuo wa 2015, Andorra, akabeba na ubingwa wa baiskeli za milimani. Kwa hiyo kwa wiki tatu hivi, kabla taji la barabarani halijaenda kwa mwingine, mtu mmoja alikuwa bingwa wa dunia wa vyote vitatu, na hakuna aliyewahi kufanya hivyo kabla yake, si mwanamke si mwanaume.

SWALI (msomaji wa Mombasa): Kama alikuwa moto hivyo 2015, mbona Olimpiki ya Rio 2016 hata hakusikika? Alilewa sifa?

JIBU: Hapana bwana, mguu. Rio mbio za milimani hata hakuzimaliza. Baadaye ikaonekana ana tatizo la mshipa mkubwa wa damu unaopita nyongani kwenda mguuni. Fikiria mtu ameinama juu ya baiskeli toka utotoni, paja linapanda linashuka maelfu ya mara kila siku, ule mshipa unakunjwa unakunjuliwa mpaka kuta zake zinakuwa nene na njia ya damu inabana. Ubaya wake ukiwa umekaa tu huna shida, hata daktari anaweza akakuona mzima, ila ukikanyaga kwa nguvu zote mguu unakosa damu unakuwa kama gogo. Watu wanasema mvivu, na wewe mwenyewe unaanza kuamini.

Akafanyiwa operesheni mwanzoni mwa 2019 na mwaka huohuo akarudisha taji la milimani, kule Kanada. 2022 ndo usiseme, akachukua la milimani la kawaida, la mbio fupi, la masafa marefu na la barabara za changarawe, yote mwaka mmoja. Dhahabu ya Olimpiki ilikuja Paris 2024, akamwacha wa pili karibu dakika tatu. Akaiaga baiskeli ya milimani akarudi barabarani na kusema anataka Tour ndani ya miaka mitatu. Ilimchukua mwaka mmoja.

Kwangu mimi lakini kubwa kuliko Tour ni Paris–Roubaix ya Aprili 2025, ile ya barabara za mawe ambayo zawadi yake ni jiwe. Alimaliza peke yake, na pale unaona kabisa Tábor imo mikononi, baiskeli inarukaruka yeye anaiachia itafute njia, hang'ang'anii usukani. Na timu moja na nani? Vos yuleyule.

Kwenye Tour alichomoka Col de la Madeleine, mlima wa karibu kilomita 19, na jezi ya njano, ile ya anayeongoza mbio, aliyoivaa jioni ile ilitoka kwa Kim Le Court wa Morisi, Mwafrika mwenzetu, hapo mimi niliumia kidogo nikiri. Kesho yake akashinda tena, jumla akamzidi wa pili, Demi Vollering, dakika 3 na sekunde 42. Watu walisema alikonda mno, na mwenyewe alikiri alipunguza kilo kama nne na kwamba kukaa hivyo muda mrefu si afya, kwa hiyo mabinti mnaofanya mazoezi msiige.

SWALI (msomaji wa Arusha): Nina baiskeli ya milimani, naweza kuchezea saiklokrosi?

JIBU: Kwa kujifurahisha shambani kwa mjomba, cheza tu. Mashindano makubwa hapana, tairi haitakiwi kuzidi milimita 33 na usukani ulionyooka hauruhusiwi. Anza kwanza kujifunza kushuka bila kusimama, na uvae suruali usiyoipenda.