Ngazi 486 za kituo cha Doai

Nilikosa treni huku naisikia. Nilikuwa katikati ya ngazi, jasho linanitoka, na kule chini milango ikafungwa, treni ikanguruma ikaenda zake. Iliyofuata ilikuwa ya kungojwa kwa muda wa saa tatu na ushee. Wa kulaumiwa nilikuwa mimi mwenyewe, maana niliingia kituoni zikiwa zimebaki dakika tano, nikajiona nimewahi.

Kituo chenyewe kinaitwa Doai, kipo Minakami, mkoani Gunma, Japani. Wajapani wanakitania kuwa kituo cha fuko, yule mnyama mchimbaji. Jukwaa la treni za kuelekea Niigata limo ndani ya handaki, takriban mita 70 chini ya jengo la kituo. Ukishuka kwenye treni unapanda ngazi 462 zilizonyooka kama zimepigwa rula, unapita ujia mrefu unaovuka mto, halafu zinakungoja nyingine 24. Lifti hakuna. Pembeni mwa ngazi iliachwa nafasi ya kuweka ngazi za umeme, na mpaka leo ni nafasi tu.

Sasa cha ajabu, jukwaa la treni za kurudi upande wa Takasaki na Tokyo liko juu, kwenye mwanga wa jua kama kituo kingine chochote. Sababu ni historia. Reli ilipita hapa mwaka 1931, baada ya kutobolewa handaki la Shimizu lenye urefu wa karibu kilomita 10. Ilikuwa njia moja, na Doai palikuwa mahali pa treni kupishana; ikawa kituo kamili mwaka 1936. Njia ile ya kwanza hujizungusha mlimani ili ipate kimo kabla ya kuingia handakini. Mwaka 1967 ilipoongezwa njia ya pili, wahandisi walichimba handaki jipya la zaidi ya kilomita 13, lililopita chini zaidi bila mizunguko. Ndiyo maana treni za kwenda zinapita tumboni mwa mlima na za kurudi zinapita juu.

Zamani kituo hiki kilijaa watu. Wapanda milima waliokuwa wakiuendea mlima Tanigawa walishuka hapa usiku wa manane na mabegi yao mazito, wakazianza hizo ngazi kabla hata hawajauona mlima wenyewe. Treni ya mwendokasi ya Joetsu ilipoanza mwaka 1982, safari ndefu zikahamia huko. Mwaka 1985 wafanyakazi wakaondolewa, na tangu hapo Doai haina mtu wa kukukatia tiketi wala wa kukuambia umechelewa.

Kwa hiyo nikushauri hivi. Nenda na treni kutoka Minakami, uingilie chini, upande ngazi kwa nafasi yako (kuna mabenchi njiani, usione aibu kukaa), kisha urudi kwa jukwaa la juu. Hivyo ngazi unazipata zote bila kukimbizana na saa. Kama ni lazima uelekee Niigata, basi uanze kushuka dakika 20 kabla. Enzi za wafanyakazi, mlango wa tiketi wa upande huo ulifungwa dakika 10 kabla ya treni, na hao walikuwa wanawapima watu wenye miguu ya mlimani.

Ratiba ipige picha kabla hujatoka hotelini. Treni ni tano au sita hivi kwa siku kila upande. Nunua tiketi ya karatasi, kwa sababu kadi za kulipia nauli kwa kugusa huishia Minakami. Ukikwama kama mimi, usikae unanung'unika: nje ya kituo hupita basi linalorudi Minakami, ndilo lililoniokoa.

Na sweta usiache, hata Agosti. Mimi nilishuka na fulana nikitoka kwenye joto kali, na kule chini nikaona pumzi yangu inatoka kama moshi. Siku niliyorudi kulipiza kisasi nilifika jukwaani mapema mno, nikabaki peke yangu na sauti ya maji yanayotiririka kwenye mfereji. Kabla ya taa kuonekana ulikuja upepo, ukanipeperushia kofia, ndipo treni ikaja.