Uso mkavu mbele ya kamera: jibu kwa mchekeshaji aliyeambiwa uso wake umekufa

Mkuu, nimelisoma swali lako mara mbili kabla ya kujibu. Unasema una miaka mitatu jukwaani na watu wanacheka, lakini wewe mwenyewe hucheki, hupandishi sauti, hurukiruki. Umeenda kwenye usaili wa tamthilia mara mbili, kote umeambiwa uso umekufa, urudi ukiwa na uchangamfu. Unauliza ubadilike au uachane kabisa na mambo ya kuigiza.

Usibadilike. Ila kuna jambo moja ambalo steji haijakufundisha na kamera itakudai. Mimi lilinichukua karibu miaka minne kulijua, kwa hiyo nivumilie, nitaandika kirefu.

Nilianza 2014. Mchana nilikuwa nauza vipuri vya magari mtaa wa Gerezani, Dar es Salaam, Alhamisi usiku napanda kwenye ukumbi mdogo Kinondoni, viti vya plastiki, maiki moja. Ukauzu wangu, yaani huu uso mkavu usiocheka, niliupata dukani. Mteja anashika shokapu, anakwambia kule mwanzo wa mtaa wanauza elfu arobaini. Ukibishana naye umeliwa. Unamtazama tu, kimya, mpaka mwenyewe anapandisha bei. Nikaichukua sauti ile ile nikaipeleka jukwaani: nasimulia kikao cha harusi, nasoma majina na michango ya ndugu kama mtu anayesoma bei za vipuri. Ukumbi ulikuwa unavunjika mbavu. Basi nikaamini kwamba kuigiza nimeshakujua, kilichobaki ni mtu wa kunipa nafasi.

Kwanza tuwaelewe hao waliokukataa, maana hawana ubaya na wewe. Sisi tumelelewa na vichekesho vya mwili mzima. King Majuto alikuwa akiingia mlangoni tu, kabla hajafungua mdomo, sebule nzima inacheka. Mzee Small hivyo hivyo. Joti anabadilisha nguo, sauti na mwendo, na unasahau kwamba ni mtu yule yule. Hiyo ni kazi kubwa na mimi naiheshimu mno. Lakini mwongozaji aliyekulia humo akikuona umesimama wima, mikono imetulia, anadhani umeogopa. Hajui kama hiyo ndiyo kazi yenyewe. Na kusema kweli, mara nyingi pale mbele ya kamera inakuwa siyo kazi yenyewe, na hapo ndipo penye somo.

Mimi nafasi ya kwanza niliipata 2016, mgeni msibani, mstari mmoja tu. Ilipotoka nikaita watu nyumbani tuangalie. Mstari wangu ulikwenda vizuri. Tatizo lilikuwa sekunde arobaini za kabla yake. Wenzangu wanazungumza, mjane analia, mimi nimekaa kwenye mkeka nyuma yao, na macho yangu yamezima kabisa. Si macho ya mtu mwenye msiba wala ya mtu aliyechoka. Nilionekana kama nimepanga foleni benki.

Aliyenifungua macho ni mama mmoja mtu mzima, amefanya maigizo ya redio tangu sisi hatujazaliwa. Tulikutana kwenye shuti iliyofuata, yaani siku ya kurekodi, tumekaa kwenye ndoo za rangi tunasubiri taa zikae sawa. Nikamuuliza kwa adabu naonekanaje. Akanijibu, "Mwanangu, wewe huigizi. Wewe unangoja zamu yako."

Halafu akanieleza. Redioni hamna uso, hamna nguo, una masikio tu. Usipomsikiliza mwenzako kwa dhati, msikilizaji kule nyumbani anajua hapohapo. Uso mkavu wa mtu anayesikiliza na uso mkavu wa mtu anayengoja kwa mbali vinafanana, lakini kamera ikisogea karibu vinaachana kama mchana na usiku. Na jukwaani hilo hulioni, kwa sababu ukinyamaza, kimya chako kinajazwa na kicheko cha watu. Mbele ya kamera hakuna anayekujazia. Ukinyamaza bila kusikiliza, hapo panabaki tundu.

Baada ya hapo nikaanza kutafuta kina kauzu wa nje walivyovuka kutoka jukwaani kwenda mbele ya kamera. Nikampata mchekeshaji Bob Newhart wa Marekani, na naomba nikae kwake kidogo, kwa sababu njia yake ndiyo inayokuhusu wewe.

Huyu mzee alizaliwa 1929, akafanya kazi ya uhasibu Chicago. Sauti ya chini, kigugumizi kidogo, uso wa mtu wa ofisini. Yeye na rafiki yake walikuwa wakipigiana simu za utani na kuzirekodi wakijaribu kuziuza kwa redio. Rafiki akaacha, akaendelea na maisha yake. Newhart akabaki na simu yenye upande mmoja. Badala ya kutafuta mtu mwingine, akaendelea peke yake: anaongea, ananyamaza, anasikiliza mtu ambaye hayupo, anajibu. Wewe unayemsikiliza unamjua yule wa upande wa pili kasema nini kwa jinsi huyu alivyonyamaza tu. Maarufu kuliko zote ni ile ya mtu wa matangazo anayempigia Rais Abraham Lincoln kumsihi asinyoe ndevu na asiichezee hotuba yake.

Februari 1960 akarekodiwa kwenye klabu moja Houston, na hapo alikuwa hana uzoefu wa kusimama mbele ya watu klabuni. Rekodi hiyo ikawa ya kwanza ya vichekesho kushika namba moja kwenye chati za albamu za Billboard huko Marekani, na 1961 ikachukua tuzo ya muziki ya Grammy ya albamu bora ya mwaka.

Sasa angalia alivyoingia kwenye filamu. 1962 alicheza filamu ya vita pamoja na mwigizaji Steve McQueen. Askari wachache wameachwa mstari wa mbele, wanagundua Wajerumani wametega kipaza sauti wanawasikiliza. Basi mhusika wa Newhart anachukua simu na kujifanya anazungumza na wakubwa, ili adui aamini kuna jeshi kubwa. Yaani walimpa kile kile alichokuwa anakifanya jukwaani, ila sasa kina kazi ndani ya hadithi. Kisha 1972 akapata tamthilia yake kwenye televisheni ya CBS, na akapewa mhusika gani? Mwanasaikolojia wa Chicago. Mtu ambaye kazi yake ni kukaa kwenye kiti na kusikiliza watu wenye vituko. Wengine ndio wanaopiga kelele, yeye anawatazama. Ilikwenda mpaka 1978. Ikafuata nyingine kuanzia 1982 hadi 1990, sasa ni mwenye nyumba ya wageni huko Vermont, na ni yale yale, vichaa wanaingia na kutoka, yeye yupo kaunta. Emmy yake ya kwanza, tuzo ya televisheni, aliipata 2013, akiwa na miaka 84. Amefariki Julai 2024.

Hakubadilisha uso hata siku moja. Alichokuwa nacho tangu kwenye ile simu ni masikio.

Nikaanza mazoezi yake chumbani kwangu Mabibo. Nilikuwa naandika mazungumzo yote mawili kwenye daftari, langu na la mtu wa pili, neno kwa neno. Kisha nazima simu, naiweka sikioni, na nasema ya kwangu tu. Ya mwenzangu nayasoma moyoni kwa mwendo wake halisi, bila kuyakimbiza. Mwanzo nilikuwa namkata yule wa upande wa pili kila mara. Ilinichukua wiki kadhaa kumwacha amalize. Nilipojirekodi nikaona tofauti bila kuambiwa: uso ni ule ule, haujasogea, lakini ndani kuna mtu.

Kazi iliyonifungulia mlango ilikuja mwaka uliofuata, askari wa zamu kaunta ya kituo. Mama kaja kuripoti mbuzi wake kaibiwa, anataka RB, ile namba ya taarifa ya polisi. Mama analia, anaeleza ukoo mzima wa yule mbuzi, mimi naandika. Mistari yangu ilikuwa minne. Tulipoirudia mara ya tatu, kalamu ikagoma kuandika. Jukwaani ningeitafutia neno la kuchekesha papo hapo. Pale nikaijaribu kiganjani mara mbili, haikutoka kitu, nikainua macho nikamtazama mama na kuendelea kumsikiliza. Yule dada aliyecheza mama hakutoka kwenye uhusika. Huku analia akafungua pochi, akatoa kalamu yake akanipa. Nikaipokea. Nikaandika. Nikamuuliza, "Pembe anazo?"

Mshika kipaza sauti alibana kicheko mpaka mkono ukatikisika. Mwongozaji aliiacha vile vile, na ndiyo iliyotoka. Niliitwa kwa sehemu moja, nikaishia kumi na moja. Na naomba uone kwamba kicheko kile tulikitengeneza wawili. Mimi nisingekuwa namsikiliza, yeye asingekuwa na wa kumpa kalamu.

Mambo mengine ya ufundi nitayapitia haraka. Usingoje kicheko, hakipo. Ule muda wa kimya unaouacha jukwaani baada ya mstari wako mzuri, kwenye seti unakuwa mrefu mno, na mhariri ataukata akuharibie mdundo. Kamera ikiwa mbali unaweza kugeuza kichwa; ikiwa usoni, geuza macho tu. Kumbuka kikombe ulikishika kwa mkono gani. Jifunze kusimama kwenye alama ya tepu bila kuitazama. Na usiende kwenye usaili ukiwa na vichekesho vyako mfukoni, omba kipande cha skripti na umwombe mtu asome nawe uso kwa uso. Usaili wa kusema peke yako ndio unaotuua sisi, kwa sababu hakuna wa kumsikiliza. Siku hizi nikiambiwa niigize peke yangu, natoa simu.

Umetaja pia kwamba huko uliko hakuna anayetoa nafasi. Hapo nitakutajia mchekeshaji mwingine wa Marekani, Steven Wright, kauzu kuliko Newhart mwenyewe, sauti yake ni kama ya mtu aliyeamshwa usingizini. Alitokea Boston, Agosti 1982 akapanda kwenye kipindi cha televisheni cha Johnny Carson, na wakamrudisha ndani ya wiki ile ile. Pamoja na hayo, filamu zilimpa vipande vidogo. Mwaka 1992 mwongozaji Quentin Tarantino alimtumia kama mtangazaji wa redio, huoni uso wake, unasikia sauti tu, na hutaisahau. Lakini kikubwa chake ni kwamba alishiriki kuandika filamu ya nusu saa na kuicheza mwenyewe, yeye mgonjwa, Rowan Atkinson, yule wa Mr. Bean, daktari wake wa akili. 1989 ikachukua tuzo ya Oscar ya filamu fupi.

Kwa hiyo usikae kungoja. Andika kipande cha dakika tano kinachohitaji mtu mkavu. Mpokea michango, karani wa mahakama, mkata tiketi wa stendi, mlinzi wa mochwari. Mweke mbele yako mtu mwenye kelele, tena mchukue mtu mzuri kuliko wewe, halafu msikilize. Simu ya kawaida na chumba chenye dirisha vinatosha. Mimi mwongozaji wangu wa pili alinipata kwa kipande cha namna hiyo, siyo kwa video zangu za jukwaani.

Kuhusu hela niseme kwa uchungu kidogo, kwa sababu bado linaniuma. 2018 nilifanya shuti ya siku tisa na kampuni moja, nikalipwa siku nne. Hatukuandikishana. Nilipofuatilia, simu zikaacha kupokelewa, ofisi ikahama. Kulikuwa na kina mama waliokuwa wanatupikia, nao hawakulipwa, na wao walikuwa wamekopa mchele dukani. Hata kama ni rafiki yako, hata kama ni sehemu moja, pateni karatasi: siku ngapi, kiasi gani, kinalipwa lini, nauli na chakula juu ya nani. Mtu mwema hatakasirika ukiomba karatasi.

Na steji usiiache. Mimi bado napanda Alhamisi nikiwa sina shuti, na nimegundua hata huko nimekuwa bora zaidi, kwa sababu sasa nausikia ukumbi. Zamani nilikuwa nausomea tu.

Umesema usaili wa tatu ni mwezi ujao. Wakikutumia kipande, nitumie na mimi kwa ujumbe wa faragha, kisha nipigie usiku baada ya saa tatu, nikiwa nimetoka dukani. Sema mistari yako, mimi nitasoma ya upande wa pili. Tutarudia mpaka utakapoacha kunikatiza.