Mlango wa Fundi Viatu: Barua kwa Mwanangu

Mwanangu mpendwa,

Barua yako nimeipata na nimeisoma mara mbili. Unaniuliza kama ni halali kumwomba yule mshonaji unayemrekodi arudie kitendo ambacho kamera yako haikukiwahi, kwa kuwa umekaa naye majuma sita na bado huna picha yake akifunua cherehani asubuhi. Kabla sijakujibu, mimi nina swali jingine: mtu huyo hufanya nini usiku, akishajua kwamba kesho utamtazama?

Swali hilo nilifundishwa na yule fundi viatu tuliyemrekodi mimi na baba yako. Baba yako amekusimulia mara nyingi habari za nyaya na betri, lakini ya mlango huiruka. Mlango wa karakana ile ulining'inia kwenye bawaba moja, na kila jioni fundi aliuinua kwa goti, akausukuma kwa bega, ndipo akatia kufuli. Jioni niliyotaka kumpiga picha akifunga, filamu iliisha ndani ya kamera. Nikamwomba, kwa adabu zote, afunge tena kesho yake mbele yetu, naye akakubali. Tulipofika tulimkuta amevaa shati safi, na mlango una bawaba mpya. Aliufunga kwa kidole kimoja, akatutazama kwa furaha. Nilirekodi, na nikaiweka picha hiyo mwishoni mwa filamu. Siku tuliyowaonyesha, mkewe alitazama hadi mwisho, akaniuliza bila hasira yoyote, "Huyu anayefunga mlango ni nani?" Sikuwa na jibu. Baba yako aliinama akakunja nyaya.

Nililokuambia tangu ukiwa mdogo nalirudia: kamera ndiyo imsubiri mtu, si mtu aisubiri kamera. Ndivyo alivyofanya kazi Frederick Wiseman, mtengenezaji filamu wa Marekani, aliyekuwa akiingia katika hospitali, shule au maktaba na kukaa humo kwa majuma kadhaa, yeye mwenyewe akishika kipaza sauti na mpiga picha akiwa kando yake, bila mahojiano, bila msimulizi, bila muziki wa kupachika. Alirudi na picha za saa nyingi mno, kisha akajifungia miezi mingi kuzihariri. Filamu yake ya 2020 kuhusu uendeshaji wa jiji la Boston inazidi saa nne, kwa sababu aliwaacha watu waseme mpaka wamalize.

Hata hivyo, nikisema hivyo nafsi yangu hunipinga. Wiseman alitupa picha nyingi kuliko alizobakiza, na mpangilio wa zile zilizobaki ulikuwa wake peke yake. Je, huko nako si kuingilia? Na Robert Flaherty, Mmarekani mwingine aliyetengeneza filamu, katika filamu yake ya 1922 kuhusu Wainuiti, wenyeji wa kaskazini ya Kanada yenye baridi kali, alijengewa nyumba ya barafu iliyokatwa upande mmoja, kwa kuwa kamera za wakati ule hazikuweza kuona gizani. Filamu hiyo naipenda hadi leo, na siwezi kukuficha. Lakini Flaherty alikosa mwanga, ilhali mimi sikukosa chochote: tulibaki pale siku kumi zaidi, na kila jioni ya siku hizo mlango ulifungwa kwa kidole kimoja. Kama ningenyamaza, goti lile ningelipata kesho yake, au keshokutwa. Fadhila ya mambo ya kila siku ni kwamba hujirudia yenyewe bila kuombwa, na yale yasiyojirudia, kama kuagana au kulia, nani atathubutu kuyaomba mara ya pili? Cherehani ya mshonaji wako itafunuliwa tena kesho. Kamera ndiyo imsubiri mtu, mwanangu. Fika mapema, weka kipaza sauti karibu na meza, kisha ukae.

Hata hivyo mshonaji ni wako, na miye sijawahi kumwona uso. Neno "usimwombe" nimeliandika mara mbili katika barua hii na mara mbili nimelifuta, maana uamuzi si wangu. Ila ukimwomba, niandikie siku hiyohiyo, unieleze asubuhi ile alikuwa amevaa nini.

Mama yako