Filamu ya mashujaa wengi niliyoiona kwa Kihindi: naihakikije?

SWALI: Mheshimiwa Mhariri, mimi ni Mtanzania ninayesoma Pune, India. Wanafunzi wenzangu walionyesha Avengers: Endgame iliyoingizwa sauti za Kihindi, lugha ambayo sasa naielewa vizuri, nami nikaandika uhakiki katika jarida letu. Mwenzangu aliyeiona kwa Kiingereza anadai kwamba nimehakiki filamu isiyokuwepo. Je, ni kweli? Na filamu yenye mashujaa wengi kiasi kile hupimwaje? – Msomaji, Pune.

JIBU: Ndugu msomaji, filamu uliyoiona ipo. Ilipoingia katika majumba ya sinema ya India tarehe 26 Aprili 2019, ilionyeshwa kwa Kiingereza, Kihindi, Kitamil na Kitelugu, na watu wengi wa huko waliijua kwa sauti hizo za nyumbani tu. Kosa lako, kama lipo, ni kutomwambia msomaji tangu sentensi ya kwanza ni toleo gani uliloliona. Ukishalisema hilo, utaweza kumtendea haki kila mmoja: picha na mpangilio wa matukio ni kazi ya waongozaji Anthony na Joe Russo, muziki ni wa Alan Silvestri, lakini maneno uliyoyasikia ni ya mfasiri wa Kihindi na waigizaji wa sauti, akiwamo Rajesh Khattar, ambaye kwa miaka mingi amempa Tony Stark, yaani shujaa Iron Man, sauti ya Kihindi. Kazi yao nayo ina ustadi wake, na inastahili kuhakikiwa kwa uzito uleule.

Anza na viwakilishi. Kiingereza kina neno moja tu la kumwita mtu unayezungumza naye, ilhali Kihindi kina matatu: «aap» la heshima, «tum» la wanaozoeana, na «tu», ambalo huweza kuwa la mapenzi makubwa au la dharau. Sisi Waswahili humwambia hata mzee «wewe», heshima tukaiachia shikamoo na majina ya kuitana, kwa hiyo sikio letu huweza kulipita jambo hili bila kulitambua. Mfasiri hana pa kukwepea: kijana Peter Parker, yaani Spider-Man, anapozungumza na Tony Stark, au Thor anapokutana tena na mama yake, lazima achague neno moja, na uchaguzi huo unaamua ukaribu wa watu hao kwa namna ambayo maandishi ya Kiingereza hayakuiamua.

Kisha sikiliza mpangilio wa maneno. Katika pambano la mwisho, jibu la Stark kwa Thanos, adui mkuu wa filamu, linaishia kwenye jina lake, Iron Man, na papo hapo analiza vidole. Kihindi cha kawaida huweka kitenzi mwishoni mwa sentensi, hivyo mfasiri ama anapindua mpangilio ili jina libaki kuwa neno la mwisho, ama anaacha kitenzi kidogo kikae kati ya jina na mlio ule. Kwangu mimi, sekunde hiyo moja inatosha kupima tafsiri nzima. Midomo ya waigizaji nayo humbana mfasiri, kwa sababu uso ukiwa karibu, herufi kama p, b na m huonekana wazi. Shujaa akiwa ndani ya kofia ya chuma, mfasiri hupumua.

Kuhusu wingi wa mashujaa, usiwahesabu. Filamu hii ina dakika 181 na haina steringi mmoja, kwa hiyo jiulize ni uamuzi wa nani unaosogeza hadithi, na nani amewekwa pale ili aonekane tu. Naipenda sana saa yake ya kwanza, inayowaacha watu wakae na msiba wa wapendwa walioangamizwa na Thanos, bila haraka ya kupigana. Hata hivyo, naona Thor alionewa: huzuni yake, iliyo nzito kuliko ya wengi, imegeuzwa kichekesho cha kitambi na bia. Natasha, yaani shujaa Black Widow, naye alitoa uhai wake, lakini mazishi tuliyoonyeshwa ni ya Tony.

Kwa hiyo rudia sehemu ya sayari ya Vormir, pale Natasha na rafiki yake Clint, yaani Hawkeye, wanaposhindana nani ajitoe mhanga. Isikilize kwanza kwa Kihindi, uandike kila kiwakilishi wanachoitana, halafu kwa Kiingereza, ndipo uiandike upya aya yako juu ya kifo chake.